Moto Uliofukiwa

Mtu akifika kwako na jozi mbili za viatu, moja ya kupandia mlima na nyingine ya kuongelea na wenyeji, huyo hajapotea njia. Shital alifika kwangu Kambi Mvuke hivyo, Jumanne saa nne asubuhi. Alisimama langoni, akavua buti zilizojaa vumbi, akavaa raba nyeupe, akaingia akitabasamu.

"Sasa, mathe."

"Sasa ni ya watoto wa stendi," nikamwambia. "Mimi nina mjukuu. Anza upya."

Akacheka, akarudi hatua moja nyuma. "Hujambo, mama?"

"Hapo sawa. Sijambo. Unauza nini?"

"Siuzi kitu."

"Unanunua, basi."

"Sinunui pia."

Hapo ndipo nilipoanza kuogopa. Anayeuza namjua, anayenunua namjua. Nimefukuzwa shamba mara mbili maishani, nimeuziwa kware mwaka ule Kenya nzima ilipopata wazimu wa mayai yao, na nabii mmoja aliniombea nikiwa nimefumba macho, akaondoka na blanketi. Wote hao angalau walisema wanachotaka. Huyu alikuwa ametoka Milimani, Nakuru, kwa gari lake mwenyewe, akapanda mlima mzima, kuja kwangu kutotaka chochote.

Nikampa kigoda. Si kwa ukarimu. Anayeketi kwenye kigoda changu anatazama jua, na uso wake unaonekana vizuri.

Kitu ambacho mgeni wa namna hii angeweza kukitaka kwangu ni kimoja tu. Kambi Mvuke haina mto wala kisima. Tuko mgongoni mwa mlima, Longonot ikitutazama kutoka ng'ambo, na ardhi yetu hupumua. Kila boma lina shimo linalotoa mvuke, na shimoni tumeingiza paipu ndefu ya chuma iliyolazwa ikiteremka hadi kwenye pipa. Mvuke unaingia ukiwa wa kuunguza, unapoa njiani, unatoka tone, tone, tone. Hayo ndiyo maji yetu. Shimo langu halijawahi kukauka, hata mwaka ule mbuzi wa majirani walipokufa wote. Bila shimo hilo mimi ni mwanamke wa kuhamia chumba cha kupanga Mai Mahiu, nilale nikisikiliza malori yakipiga breki.

Na mtu aliyelitaka nilikuwa namjua: shemeji yangu Elphas, mwenyekiti wa kamati ya mvuke. Tangu tumzike mume wangu Kimaiyo, Elphas hulitazama shimo langu kama mtu anayetazama chapati ya mwisho kwenye sahani, akingoja wengine waseme wameshiba.

"Mama Emmy," Shital akasema. Sikuwa nimemwambia jina langu. Kumbe alishawauliza majirani. Hilo nalo nikaliweka akilini. "Unajua hapa kulikuwa na watu kabla ya watu?"

"Kabla ya watu? Wapangaji?"

"Watu wa moto."

Nikamwangalia kama amekunywa. Hakuwa amekunywa. Akaanza kueleza, mikono ikipaa. Hawakuwa na mifupa wala ngozi, akasema. Walikuwa moto wenyewe, moto wenye akili. Waliishi bonde hili lote, Menengai hadi Suswa, wakati milima ilikuwa bado inamiminika, na miji yao ilijengwa kwa kioo cheusi. Mtoto wao hakuzaliwa. Aliwashwa kutoka kwa mzazi, kama unavyowasha mshumaa kwa mshumaa mwingine, kwa hiyo hakuna aliyejua nani alikuwa wa kwanza. Sheria yao kubwa ilikuwa kwamba usimwache jirani bila kaa. Na waliandika kwa pumzi. Kioo kikiwa bado laini walipuliza ndani yake, viputo vya hewa vikabaki humo vimepangwa mistari.

"Nimevisoma miaka kumi na moja," akasema.

"Na wenyewe wako wapi?"

"Walizimika. Mvua zilianza, maziwa yakajaa. Hakubaki hata mmoja."

"Ni vizuri. Waliokufa wote hawawezi kukukatalia neno."

Hakunisikia. Alikuwa anatazama mlango wangu. Kinachouzuia usipigwe na upepo ni bamba la kioo cheusi cha mlimani, ukubwa wa sahani ya ugali, ambalo mama mkwe aliniachia. Shital akalipigia magoti. Nikadhani ameokoka.

"Hili liko hapa tangu lini?"

"Tangu upepo ulipojifunza kupiga mlango."

Akatoa mkobani kopo kuukuu la peremende. Ndani mlikuwa na vipande vya kioo hichohicho. Babu yake, akasema, alikuwa na duka la vyuma Nakuru. Ndiye aliyewauzia wazee wetu paipu za kwanza, nao walizoea kumbebea vioo vya mlimani kama zawadi. Nikaenda kuangalia paipu yangu, mahali palipochongwa jina la duka, nikamuuliza jina la babu. Yusufali, akasema. Ndilo lililochongwa.

Ukweli huo ulinichukiza. Uongo ningejua la kuufanya.

"Ona," akaniinulia bamba juani, na kweli viputo vilikuwemo, vidogo kama mbegu za sukuma. "Kila andiko lao linaanza hivi. Vitatu, nafasi, halafu viwili. Vitatu ni mtu anabisha hodi. Viwili ni jibu. Mimi huandika 'karibu', lakini sina hakika."

Nikaigeukia paipu yangu. 

Maana kila asubuhi Kambi Mvuke, kabla ya kuweka pipa, unaigonga paipu kwa jiwe mara tatu. Tunasema ni kwa ajili ya kuangusha magadi yanayoganda ndani. Paipu nayo hukohoa mara mbili, puh, puh, ndipo maji yanaanza. Mama mkwe alinifundisha hivyo nikiwa bibi arusi: gonga tatu, ngoja mbili, usiwe na haraka. Sikumwambia Shital. Siri ya mtu ni kama petroli, haimwagwi mbele ya mgeni.

Badala yake nikamdanganya. Nilitaka kujua ametumwa na nani, na dawa ya hilo ni kumpa mtu uongo wenye alama kisha usubiri uone utatokea wapi.

"Mama mkwe alikuwa akisema," nikamnong'oneza, "mkubwa wao amelala chini ya choo cha zamani cha Elphas."

Akaandika. Alhamisi nikapita kwa Elphas kwa bahati mbaya niliyoipanga. Nikamkuta ndani ya shimo la choo hadi kiunoni, sepetu mkononi, leso puani.

"Shemeji, umepoteza nini huko?"

"Natengeneza msingi," akasema kwa sauti ya mtu anayepumua kwa mdomo.

"Wa nini? Choo cha ghorofa?"

"Endelea na safari yako, shemeji."

Shital alipokuja mchana huohuo sikumpa kigoda. "Kumbe wewe na Elphas ni kitu kimoja."

Nilipomweleza habari ya choo alijaribu kukunja uso, akashindwa, akacheka hadi akashika nguzo ya nyumba. Kisha akanionyesha barua ya ruhusa. Kamati ilimkubalia atembee mlimani kwa sharti kwamba kila anachokiandika mwenyekiti apewe nakala. "Sikujua anatafuta nini, Mama Emmy. Naapa."

Nikamwamini nusu. Nusu nyingine nikaiweka pale ninapoweka mambo yangu.

Ijumaa akachimba. Kamati ilimruhusu tundu moja, nje ya ua wangu, hatua tatu kutoka shimo langu, sikuulizwa. Alitumia keekee ndefu ya kuzungusha kwa mikono, nami nikamsaidia kuizungusha, kwa sababu anayekuchimbia ubavuni ni bora mshike mpini pamoja. Tukapita udongo, tukapita changarawe, halafu keekee ikazama kama kwenye unga. Ilitoka na jivu la kijivu, laini, kavu. Na ndani ya jivu, vipande vya mviringo vyeusi, kama makaa makubwa. Akashusha kamera ndogo iliyofungwa kwenye waya, tukaangalia kwa simu yake. Vilikuwa mistari kwa mistari, ubavu kwa ubavu, hadi mwanga wa kamera ulipoishia.

Shital alilia waziwazi. "Ni makaburi," akasema. "Waliwazika wote kwa mpangilio." Akakimbilia bamba la mlangoni na kunisomea mstari wa mwisho, kidole kikifuata viputo. "'Tumewazika wetu wote. Atakayekuja, abishe.'"

"Nani alimzika wa mwisho?" nikauliza.

"Vipi?"

"Wamezikana wote. Wa mwisho alijifunika mwenyewe?"

Akarudi kuhesabu viputo upya, nami sikupenda alivyovihesabu.

Jumamosi pipa langu lilijaa kabla ya saa mbili. Halijawahi. Maji hayakutoka matone, yalitoka kamba. Majirani wakaja na mitungi, wakasema nimebarikiwa. Elphas akaja na mtungi pia, akasimama kando, akalitazama shimo muda mrefu na kutikisa kichwa polepole. Kila mtu alifurahi ila mimi. Nilipouziwa wale kware, jozi ya kwanza nilipewa bure.

Jumapili alfajiri nikagonga paipu mara tatu. Ikajibu mara tatu.

Na haikukohoa. Iligonga. Ngo, ngo, ngo, chuma kwa ndani.

Nikaenda kanisani, nikaimba kuliko siku zote. Niliporudi nilimkuta Shital ananingoja na mkate. Tukanywa chai jikoni kwangu, kwenye mafiga. Tulipomaliza nikafanya ninachofanya kila siku: nikavuta kuni nje, nikakusanya makaa pamoja, ubavu kwa ubavu, nikayafunika kwa jivu.

"Mbona unauzima na bado ni mchana?" akauliza.

"Siuzimi. Naufukia."

"Si ni kitu kimoja?"

Nikamwangalia. Msomi mzima, miaka kumi na moja. "Kwenu Milimani mlipika na nini?"

"Gesi."

"Na nyanya yako?"

"Gesi pia. Kwa nini?"

"Weka mkono hapo juu. Juu tu, usiguse."

Akaweka. Jivu lilikuwa kijivu, limetulia, hakuna moshi wala mwanga. Mkono wake ukakaa kidogo, kisha akauondoa haraka.

"Bado ni moto," akasema.

"Bado ni moto na utakuwa moto hadi kesho. Mtu huzikwa, Shital. Moto hufukiwa. Kaa likiachwa wazi linakufa, ukilifunika kwa jivu linalala. Asubuhi nafukua kidogo, nalipulizia hewa, linaamka. Kila mtoto wa mlima huu anajua hivyo kabla hajajua kuhesabu."

 Niliona mawazo yakimteremkia usoni moja baada ya jingine: mistari ya makaa, jivu, mvua zilizokuwa zinakuja, sheria ya kutomwacha jirani bila kaa. Kisha lile tundu tulilotoboa kwa mikono yetu, linaloingiza hewa.

"Hawakuzimika," akasema kwa sauti ndogo. "'Tumefukia wetu wote. Asubuhi...'"

"Abishe. Na sisi tumebisha kila asubuhi tangu babu yako alipotuuzia paipu." Hapo ndipo nilipomwambia kuhusu kugonga tatu na kungoja mbili. Nikamwambia pia tafsiri yake ya mbili ilinitia shaka. "Mimi ukinigongea kabla sijaamka, sikwambii karibu. Nakwambia bado."

"Na leo?"

"Leo hawakusema bado."

Elphas aliingia tukiwa bado tunatazamana. Alikuwa amevaa koti, na koti la Elphas ni la matanga na la ujanja. Akaweka fomu mbele yangu, juu ya sinia ya mkate.

"Shemeji, weka sahihi hapo chini. Mahali hapa panakuwa eneo la kumbukumbu. Trekta kubwa la kuchimba linakuja Jumatano. Kamati itasimamia lango, watalii watakuja, na wewe utajengewa nyumba Mai Mahiu, ya mabati mapya kabisa."

"Na shimo langu?"

"Shimo haliwezi kuhama, shemeji. Litabaki na kamati."

"Yaani na wewe."

"Shamba ni la marehemu baba yetu. Hata usipoweka sahihi, ripoti ya Daktari Shital inatosha. Ikisema tu makaburi yapo, serikali itapachukua." Akamgeukia Shital na kumpa tabasamu la mwenyekiti. "Unaimaliza leo, sivyo?"

Sasa nikaona jinsi nilivyokuwa nimefungwa. Kalamu haikuwa kwangu. Shimo langu, boma langu, uzee wangu wote vilikuwa mikononi mwa mtu niliyemwamini nusu, na mtu huyo alikuwa na sababu ya miaka kumi na moja ya kuandika ukweli. Nilimtazama. Alitazama bamba la mlangoni. Sikuweza kumsoma, na mimi watu huwa nawasoma.

Ndipo paipu ikagonga. Ngo. Ngo. Ngo.

Elphas akageuka. "Nani anachezea paipu?"

"Hewa, shemeji."

"Hewa inagonga hivyo?"

"Hewa ya siku hizi haina adabu."

Akatoka, akalizunguka shimo, akachungulia nyuma ya pipa, akachungulia hata juu ya mti. Hakukuwa na mtu. Akarudi akinitazama kwa jicho la upande, kama mimi ndiye niliyegonga.

Shital alikuwa ameshafungua kompyuta yake magotini. Aliandika dakika chache, akasoma kwa sauti, bila kuinua kichwa: "Tundu la majaribio limeonyesha jivu la kawaida la volkeno na vipande vya kioo cha asili. Hakuna mabaki ya makao ya aina yoyote. Napendekeza uchimbaji usiendelee."

"Lakini ulilia!" Elphas akapiga kelele. "Watu walikuona Ijumaa ukilia!"

"Jivu liliniingia machoni."

"Na ile ripoti ya choo?"

"Niliambiwa vibaya," akasema.

"Ongeza hapo na choo," nikamwambia Shital. "Andika mwenyekiti alikichunguza mwenyewe, kwa kina."

Elphas akachukua fomu yake iliyokwishalowa siagi. "Mmenipangia nyinyi wawili," akasema. "Nitajua tu." Na najua atarudi, maana hata mimi ningerudi.

Alipoondoka tulibeba jivu la rundo la nyuma ya jiko, karai kwa karai, tukalijaza lile tundu hadi juu, tukalishindilia kwa upole. Shital alibeba makarai mengi kuliko mimi. Nilijua alichokuwa anafukia. Kwenye karai la mwisho akatoa lile kopo la peremende la babu yake, akaniwekea mikononi.

"Vikae karibu na wenyewe," akasema. "Nikiwa navyo nyumbani nitaandika."

Nikamshukuru kutoka moyoni. Kisha nikaupekua mkoba wake. Nilishampenda, lakini mkoba niliupekua, na yeye akasimama akaniachia nipekue, akitabasamu. Hakukuwa na kitu. Akavaa buti zake langoni. Zile raba nyeupe alizibeba mkononi, zimekuwa za kijivu.

Leo Jumatatu nimeamka na kukuta pipa lina maji kidogo tu, matone yamerudi kuwa matone, tone, tone. Nikashusha pumzi. Nikachukua jiwe langu nikaenda kwenye paipu kama kawaida, halafu mkono ukanikatalia. Nikasimama hapo kama mgeni kwenye mlango wangu mwenyewe.

Kabla sijaamua, chuma kikagonga kutoka chini. Polepole, kwa adabu. Ngo. Ngo. Ngo.

Nimelelewa kwamba hodi haiachwi bila jibu. Kugonga mara mbili tu, na kwa tafsiri ya Shital ningekuwa nimewakaribisha. Kwa tafsiri yangu ningekuwa nimewaambia bado. Ni jibu lilelile moja, na sina mtu wa kumuuliza nani kati yetu alisoma vizuri. Najua tu kwamba kila aliyewahi kubisha kwangu kwa adabu aliondoka na kitu.

Nikaweka jiwe chini. Nikainama, nikasogeza mdomo karibu na paipu hadi joto lake likanigusa.

"Nani?" nikauliza.

Matone yakakatika ghafla, kama mtu anayetafuta jina la kutaja.